Muziki ni wa Radim Dohnal

Shemeji yetu Radim Dohnal alizaliwa tarehe 12 Machi 1931 katika mji mdogo wa Litovel, nchini Chekoslovakia, mwana wa marehemu Josef na Mama Ludmila. Mama yake aliuza tikiti katika sinema ya mji, na kwa kuwa hakuwa na wa kumwachia mtoto, Radim alikulia humo ndani.

Alisoma Litovel, kisha chuo cha muziki mjini Brno, akahitimu mwaka 1955. Akawa mtunzi wa muziki wa filamu mjini Prague, na jina lake likajulikana. Mwaka 1968, vifaru vya kigeni vilipoingia, alivukia Vienna asirudi tena. Wakubwa wa Prague wakakata jina lake katika filamu zote. Muziki waliuacha, maana chumvi ikishaingia mchuzini haitoki.

Mwaka 1975, pesa za mafuta zilipofurika, kampuni moja ya filamu ilimwajiri Riyadh, Saudia, mtaani Olaya. Alitunga muziki wa filamu za barabara, bandari na mitambo, za kuonyeshwa wageni maofisini. Kumbi za sinema hazikuwapo, na jambo hilo lilimuuma. "Geoffrey," aliniambia siku moja nilipokuwa huko kikazi, tukinunua kaseti sokoni Batha, "mimi siku hizi natungia saruji."

Mwaka 1978 dada yake aliruhusiwa kuzuru Vienna, akampigia simu kutoka huko. Alimwambia kwamba kila filamu yake ikionyeshwa Litovel, mama yao husimama gizani pale mlangoni na kusema kwa sauti, "Muziki ni wa mwanangu, Radim Dohnal." Ameonywa, na bado anasimama. Radim alilia kama mtoto, wala hakuona haya.

Dada yangu Njeri, muuguzi, alikutana naye huko Riyadh. Walifunga ndoa hapa Tigoni tarehe 18 Agosti 1979. Siku ya posa wazee waliuliza, "Huyu ukoo wake uko wapi?" Hakuwa na mtu wa kumsimamia. Akaketi kwenye kinanda cha kanisa, akapiga mpaka kina mama wakanyamaza. Mzee Muchiri akasema, "Haya, ukoo wake tumeusikia." Mbuzi wa mahari alitoa vilevile, msije mkadhani aliponea hapo.

Walihamia Jeddah, na huko binti yao akazaliwa tarehe 2 Juni 1980. Kwa desturi yetu mtoto wa kike wa kwanza huitwa jina la mama mzazi wa baba, na huyo mtoto ndiye nyanya mwenyewe. Radim aliishika desturi hiyo kutushinda sisi. Ludmila mdogo akiingia sebuleni, babake alisimama. "Karibu, Mama, keti." Mama mwenyewe, kule Litovel, kila mwaka aliomba ruhusa ya kusafiri, na kila mwaka alinyimwa.

Mwezi Februari mwaka huu Radim aliugua moyo. Alitutoka mjini Jeddah alfajiri ya tarehe 9 Septemba 1983. "Nizikeni Tigoni," alimwambia Njeri. "Kwetu watalikata jina hata kaburini."

Ameacha mjane, Tabitha Njeri, binti, Ludmila, dada, Milena, na mama, Ludmila Dohnalová, mwenye miaka sabini na tisa, ambaye hakuruhusiwa kuja kumzika. Tunajua uchungu wake, nasi hatuna namna ya kumfikia.

Lakini kwa desturi yetu mama yake yuko hapa, ana miaka mitatu na viatu vipya. Tutakapomshusha, tunaomba wote tunyamaze. Ludmila atasimama na kusema yale maneno ya pale mlangoni mwa sinema.

Shemeji, sasa pumzika kwa amani. Mama amesimama.