Daraja la Nimgire

Kwenye basi la kwenda Nashik, India, kiti cha mbele yangu alikaa bwana mwenye skafu ya chama, akimsifia waziri wetu Nimgire kwa bibi ambaye hakumuuliza.

"Alianza na lori moja la mchanga, mama. Leo ana viwanda viwili na chuo. Na daraja katujengea!"

Skafu ilikuwa mpya. Nimgire alihama chama mwezi uliopita.

"Daraja la kuvukia nini?" bibi akamjibu. "Malori yake yamezoa mchanga mpaka mto umebaki mashimo."

"Maendeleo yana gharama, mama."

"Utaniambia mimi? Miaka yote wafu wetu tumewachoma kijijini, majivu tukayamwaga pale pale mtoni. Leo mume wangu nampandisha basi masaa sita, tunatafuta maji."

Akakipakata vizuri chungu chake kilichofungwa kitambaa chekundu. Bwana akajibana dirishani. Hata mimi nilidhani ni achari.

Basi likasimama. Bwana akanyoosha mikono amsaidie mzigo.

"Acha, baba. Huyu alimpigia Nimgire wako kura mara tano. Yatosha. Msimguse tena."