Nafasi Nane za Wenyeji

Mgeni rasmi, wazee wetu, viongozi wa kanisa, nanyi nyote mliokanyaga matope kutoka upande wa Kimulot, chamgei, hamjambo. Sisi wakazi wa Kambi ya Saba, pamoja na majirani wetu wakulima wa ng'ambo ya mto, tumefurahi kukuona. Tumeambiwa umetumwa kusikiliza maoni kuhusu nafasi zinazotengewa wenyeji vyuoni na kazini. Maoni tunayo, ila hayafanani. Kwa hivyo tumeona afadhali tukueleze yaliyompata binti mmoja, nawe ujionee.

TULIKOTOKA

Kabla ya chai, hapa palikuwa na maboma ya watu. Babu yake Mzee Bethwel Chepyegon, huyu aliyeketi mbele, alifukuzwa na Wazungu kutoka kilima kile. Palipokuwa na nyumba yake sasa ni chai tupu. Alikufa akiidai ardhi yake.

Watu wa Gusii walikuja baadaye, kuchuna majani. Mmoja wao alikuwa Mageto. Alimzaa Mokaya hapa kambini, na Mokaya akamzaa Elmina Nyagaka, katika nyumba namba kumi na nne. Hakuna hata mmoja wao aliyewahi kuwa na kipande cha ardhi, hapa wala Gusii.

TULIYOFANIKISHA

Tumejenga chekechea kwa mikono yetu. Tangu zile vurugu za uchaguzi tumezikana, tumeoana, tumekopeshana chumvi. Na mwaka juzi wasichana wawili waliokaa dawati moja walitupa furaha katika mtihani wa kidato cha nne: Elmina alipata B, na Chepkurui, mjukuu wa Mzee Bethwel, akapata C ya juu. Tuliwachinjia mbuzi mmoja, wote wawili.

YALIYOMPATA ELMINA

Kampuni ya chai ilitangaza nafasi kumi za kusomea uuguzi, karo yote juu yake. Nane zilikuwa za wenyeji, kwa ajili ya ile ardhi iliyochukuliwa. Mbili zilikuwa za wakazi wengine wote wa mashamba ya chai. Fomu ya wenyeji ilitaka barua ya chifu. Elmina alipiga pasi sare yake ya shule, maana hakuwa na nguo nyingine ya heshima, akaenda.

"Kwenu ni wapi?" chifu akamuuliza.

"Kambi ya Saba."

"Hapo ni kazini kwa baba yako. Mimi nauliza kwenu."

Elmina akamjibu kwa Kikipsigis, lugha ya wenyeji, kwamba hajui kwingine. Chifu alicheka, akamsifu jinsi anavyoiongea lugha, kisha akamrudishia fomu bila mhuri.

"Usinikasirikie, msichana wangu. Nikikuandikia wewe, kesho watu watanijia juu."

Mokaya akampeleka Gusii, kijiji alichotoka Mageto, ili apate barua ya uenyeji wa huko na kuomba nafasi za huko. Karani wa chifu wa huko aliuliza ni nani anayewajua. Walizunguka hadi saa nane wakimtafuta mtu, wakampata mama mmoja, Nyamoita, binti ya ndugu yake Mageto. Jina la Mageto alilikumbuka. Lakini kabla hawajakaa akasema, "Kama ni shamba mmekuja kutafuta, limeisha." Hawakuwa wamefuata shamba. Mokaya alivaa kofia yake, wakarudi siku hiyo hiyo bila hata kunywa chai.

Zikabaki zile nafasi mbili. Walioomba walikuwa zaidi ya mia. Elmina alikuwa wa tatu.

Chepkurui alipata moja ya zile nane. Siku barua ilipofika alimfuata Elmina katikati ya chai, alikokuwa ameshaanza kibarua cha kuchuna.

"Niambie nikatae. Nitakataa kweli."

"Ukikataa hawatanipa mimi," Elmina akasema. "Watampa mwingine wa kwenu. Enda."

Akaendelea kuchuna. Waliokuwa karibu wanasema Chepkurui alisimama pale mpaka mvua ikamkuta, na Elmina hakugeuka.

Kisha zikaja mashine, vibarua wakapunguzwa, Elmina akiwa wa kwanza. Mwezi wa sita mwaka huu Mokaya alistaafu. Nyumba ni ya kampuni, kwa hivyo walifunga godoro na sufuria zao, wakaenda kupanga chumba mjini Chepseon, nje ya mashamba ya chai. Mwezi uliofuata nafasi zilitangazwa tena. Elmina aliomba zile mbili. Aliambiwa ni za wakazi wa mashamba ya chai, na yeye si mkazi.

MAOMBI

Mgeni rasmi, tumegombana Jumapili tatu juu ya sehemu hii. Baadhi yetu walitaka tukuombe uzifute zile nafasi nane, kila mtu aingie kwa alama zake. Mzee Bethwel akasimama na fimbo yake.

"Babu yangu alilala nje na watoto, mvua ikiwanyeshea. Kuna mtu alimuuliza ana alama ngapi?"

Alisema kweli. Alikaa. Kisha, bila kusimama, akasema tena, "Lakini huyo msichana si yeye aliyetufukuza."

Basi ombi letu ni hili. Usizifute nafasi nane. Tafuta tu neno linaloweza kuandikwa kwenye fomu ya mtoto aliyezaliwa hapa, asiyehesabiwa mwenyeji na asiye na kwingine. Tuna watoto ishirini na watatu walio kidato cha nne hapa kambini. Kufikia Januari watalihitaji neno hilo. Hatujui kama liko katika uwezo wako. Waliokutangulia walituambia wataangalia.

Jana tulimpigia Elmina simu, tukamwomba aje asimame mbele yako akueleze mwenyewe. 

"Nije kama nani?" akauliza. "Kama mgeni?"

Tulipeana simu, huyu kwa yule. Mwishowe akatutakia siku njema, akakata.

Mungu akulinde barabarani, akufikishe kwako salama, na awakumbuke wote wasio na pa kufikishwa.

Ni sisi,
Wakazi wa Kambi ya Saba na majirani wa ng'ambo ya mto.