Kiti cha Émérance Kabamba (1961–2025)

Marehemu Émérance Kabamba alizaliwa Likasi, Katanga, tarehe 14 Machi 1961, mtoto wa kwanza wa mzee Kabamba wa reli na mama Zaituni. Miaka mitatu baadaye alizaliwa mdogo wake, Bibiane, na Émérance akaanza kumwamuru hapo hapo.

Alisoma kwa masista Lubumbashi, na mwaka 1981 akaja Brussels kusomea sinema. Bibiane alimfuata kusomea uuguzi. Kila Jumamosi walikutana Porte de Namur, na kila Jumamosi Émérance alichelewa. Alitokea na karatasi kwapani na hadithi mpya mdomoni, na hasira za mdogo wake ziliisha kabla hawajafika duka la kwanza.

Mwaka 1988 alikwenda Mexico City kupiga chapa miswada ya wengine. Huko aliolewa na Anselmo, fundi wa sauti, tarehe 6 Julai 1991. Aliandika filamu kumi na moja, na tisa alizitayarisha mwenyewe: alitafuta waigizaji, vibali, hata chakula cha wapiga picha, yeye ambaye bukari wake, ule ugali wa kwetu, ulikuwa mabonge matupu.

Mei 1999, siku ya pili ya kupiga filamu yake ya kwanza kama mtayarishaji, baba yao alifariki Lubumbashi. Watu sabini walikuwa wakimngoja kazini. Hakwenda. Alikosea, na hakuwahi kujitetea. Bibiane alimpigia simu baada ya mazishi.

— Nilikuchungia kiti kwa kilio siku tatu. Ilibakia bule.

Hawakuzungumza tena kwa miaka ishirini na mitatu, na Bibiane aliapa kutotazama filamu yake hata moja.

Oktoba 2022 Émérance alirudi na mumewe kuishi Saint-Gilles, Brussels, akiwa na saratani ya mapafu. Bibiane alikuja kumwogesha kila siku, lakini waliongea habari za dawa tu. Mwezi uliopita Mauwa, binti wa marehemu, aliwasha kompyuta hospitalini akawaonyesha filamu za mama yake. Katika kila moja mlikuwa na msiba, na katika kila msiba kiti kimoja kitupu kando ya wafiwa. Kwenye filamu ya nne Bibiane hakuvumilia, akamwuliza dada yake.

— Yaya, ile kiti ni ya nani?

— Ni yangu. Ya kilio ya papa, kule Lubumbashi.

Bibiane alilia sana. Kisha alimnyooshea mto ili akae vizuri.

— Bon. Ikala sasa, yaya. Ulisimama miaka mingi.

Alifariki Jumapili, tarehe 9 Februari 2025, saa nne asubuhi, mkono wake ukiwa mkononi mwa mdogo wake. Ameacha mume, Anselmo, binti, Mauwa, wajukuu wawili, Naïma na Hervé, na Bibiane.

Leo, hapa Evere tunapomuaga, picha yake iko juu ya kiti cha mstari wa mbele. Bibiane ndiye aliyemchungia, kuanzia asubuhi, na mtu yeyote aliyetaka kukikalia alikatazwa. Safari hii mwenyewe amefika. Akae, apumzike kwa amani.