Ivrose Mondésir, Aliyetaka Fon Sitwon Iulizwe Kwanza

Baba Paroko, ndugu waombolezaji, wana Fon Sitwon wa hapa Montréal, nanyi mnaotusikiliza kwa simu kutoka nyumbani, mimi ni Mimose, mdogo wa mwisho wa marehemu, nimepewa kazi hii kwa sababu wanawe wamesema wakisoma watalia, kana kwamba mimi machozi yangu niliyaacha uwanja wa ndege. Najua wengi mmeingia humu na swali moja, kwa nini Ivrose anazikwa huku kwenye theluji, wakati kila aliyewahi kunywa naye kahawa alimsikia akisema atalala kando ya mama yetu huko Fon Sitwon. Swali hilo nitalijibu, ila kwa zamu yake.

Marehemu Ivrose alizaliwa tarehe 14 Machi 1951 katika kijiji cha Fon Sitwon, milimani juu ya mji wa Jérémie, mtoto wa kwanza kati ya watano wa marehemu Mérilus Mondésir, mkulima wa kahawa, na mkewe, marehemu Anacile. Alianza shule mwaka 1958 kwa masista wa Jérémie, akishuka mlima na viatu mkononi asije akavichakaza, akapata cheti cha msingi mwaka 1965, kisha akapelekwa Port-au-Prince, mji mkuu wetu, kwa shangazi yetu kujifunza ushonaji, na tarehe 20 Septemba 1973 akaingia Montréal akiwa na koti la kuazima, katika miaka ile ambayo nyumbani mtu aliogopa hata kukohoa karibu na askari.

Alifanya kazi katika kiwanda cha nguo mtaa wa Chabanel tangu Novemba 1973 hadi kilipofungwa mwaka 2003, akishona kola za mashati ya watu asiowajua. Tarehe 7 Julai 1979 alifunga ndoa katika kanisa hili na shemeji yetu Wilner Jasmin, dereva wa teksi, wakajaliwa Ketsia mwaka 1981 na Réginald mwaka 1984. Wilner alitutangulia tarehe 3 Mei 2011, na Mungu anajua huko aliko sasa amani yake imekwisha, maana mkewe ameshafika.

Mwaka 1986, nchi ilipoanza kupumua, wana Fon Sitwon waliunda chama chao katika ghorofa ya chini ya kanisa hili, Wilner akiwa mwenyekiti na Ivrose katibu, na Agosti 1995, kwenye sikukuu ya mtakatifu wa kijiji, chama kikazindua tangi kubwa la maji, kwa tarumbeta, utepe, na bamba la shaba lenye majina ya watu wa Montréal kuanzia juu hadi chini. Miaka miwili baadaye Ivrose alikwenda likizo akalikuta limepasuka, mbuzi wamelala ndani kwa raha zao, akamfuata Mama Tida, muuza mikate ya mihogo, ambaye hakuwahi kumficha mtu neno.

"Tangi limepasuka lini?"

"Mwaka jana."

"Mbona hamkutuambia?"

"Tuwaambie wakati tangi ni lenu? Majina ya nani yale ukutani? Ninyi diaspora mnapenda kutushangaza, haya, tukashangaa. Mpaka mafundi mkatuletea kutoka mji mkuu, kama vile sisi hatuna mikono. Konbit mmeisahau kwenye theluji?"

Dada yangu alirudi Montréal akiwa mtu mwingine. Konbit kwetu ni kijiji kizima kutoka pamoja na majembe na ngoma kumlimia mwenzao, na anayelimiwa ndiye anayesema jembe lianzie wapi, basi Ivrose akaleta hoja kwamba chama kisijenge kitu chochote Fon Sitwon mpaka Fon Sitwon yenyewe iulizwe, na ikisema hapana, iwe hapana. Ukumbi uliwaka moto.

"Yaani sisi tukeshe kwenye teksi, halafu Tida ndiye atuamulie?" Wilner alimuuliza mbele za watu.

"Tida ndiye anayechota maji, Wilner. Wewe unachota lini?"

Watu walicheka, halafu wakaipigia hoja kura ya hapana. Aliitwa msaliti, na walioimba naye kwaya wakaacha kumsalimia, lakini hakuhama chama, aliirudisha hoja ileile kila mkutano hadi Oktoba 1999 ilipopita, na wa kwanza kunyoosha mkono alikuwa Wilner, kwa uchovu au kwa mapenzi, hakutuambia kamwe. Bamba likabanduliwa, kijiji kikajenga tangi upya mahali kilipotaka chenyewe, sisi tukapeleka saruji na nondo tu, na mpaka leo watu wanakunywa.

Maofisa wa Ottawa walipoanza kuwaalika wahamiaji kuzungumzia misaada na uhusiano wa nchi hizi mbili, walimwita naye, mwaka 2005, akawaambia, "Mimi niulizeni habari za basi la Saint-Michel, mtaani kwangu. Za Fon Sitwon, mleteni mwenye Fon Sitwon." Aliwasumbua hadi Mama Tida akapata viza, akaketi meza moja na wakubwa, kilemba kichwani, akasikiliza mpango wao wote kwa adabu, kisha akasema, "Mpango mzuri. Sasa na sisi tufanye wa kwetu, halafu tukutane katikati." Ivrose alikuwa akisimulia siku hiyo kwa fahari kubwa kuliko ya harusi yake.

Marehemu alianza kusumbuliwa na figo mwaka 2022, akatibiwa kwa vipindi virefu, na tarehe 9 Februari 2025, Jumapili asubuhi, akafariki akiwa ameshikwa mkono na Ketsia. Tunawashukuru madaktari na wauguzi waliovumilia ukali wake, majirani waliomletea supu ambayo hakuacha kuikosoa, wenzake wa kiwandani, na chama, hata wale waliomwita msaliti, maana ndio waliobeba jeneza asubuhi hii.

Sasa lile swali. Ndege hazitui tena mji mkuu, na barabara ya kusini imeshikwa na wenye bunduki, lakini Réginald alipata mtu wa kufikisha jeneza Cap-Haïtien, kaskazini kabisa, ambako ndege bado zinatua, na vijana wa Fon Sitwon wangevuka nchi kulipokea, kwa kuwa kwetu maiti hasafiri peke yake. Wengine walishauri tumhifadhi kwenye baridi hadi njia ifunguke. Mimi nilitaka aende, nilisema hivyo kwa sauti ya juu, mpaka Ketsia akaniambia, "Mama mdogo, wenyewe tumewauliza?"

Tukauliza. Kijiji kilikaa Alhamisi ya tarehe 13, kikapiga kura, na Mama Tida, ambaye sasa ana miaka themanini na moja, akashika simu.

"Mimose, mwanangu, tunamtaka, usije ukafikiri hatumtaki. Lakini vijana wakitoka hapa kumfuata, mama zao watapata usingizi? Hapana. Na huko kwenye baridi msimweke, mtu si mahindi ya akiba. Mzikeni."

"Mama Tida, alitaka kulala kwa mama yake."

"Najua. Na mimi nilitaka kulala karibu naye. Hapana, mwanangu."

Nilikata simu nikawakasirikia, halafu nikamkasirikia Ivrose, maana ndiye aliyetumia nusu ya maisha yake kuwapigania watu wale haki ya kutukatalia, na hapana yao iliyo nzito kuliko zote imemwangukia yeye. Ningeweza kubishana. Nilijua yeye asingebishana.

Kwa hiyo, dada, leo tunakushusha katika udongo ulioganda, mbali na mama, na moyo wangu haujakubali, ila nimetii. Upumzike kwa amani, Ivrose, hapa walipokuchagulia watu wako.