Kidole Kilichochomwa na Cherehani

Ndani ya basi nilikaa karibu na bibi mmoja aliyesinzia, mkoba mapajani. Kwenye kiti cha mbele yetu, watu wazima wawili, dada na mdogo wake wa kiume, walikuwa wakigombania jeraha.

"Cherehani ya mama ilinichoma mimi," alisema dada, ambaye naye ni mshonaji, futi ya kupimia bado inaning'inia shingoni. "Sindano ilipita hapa, katikati ya kucha. Nililia mpaka sauti ikakauka."

"Acha hizo, dada. Ni mimi! Naiona mpaka leo damu ikidondokea lile shati jeupe la mteja." Kaka alikuwa fundi bomba, na mikono ya fundi bomba ina makovu ya kuthibitishia lolote.

"Haya, tuonyeshe kucha."

Wakatandaza vidole vyote ishirini na kuvikagua kama wanaochagua nyanya. Kucha zote zilikuwa nzima.

"Yangu ilipona," akasema kaka.

"Na yangu pia, mdogo wangu." Wakacheka, kisha wakaanza upya.

Basi likasimama. "Mama, tumefika," wakasema kwa pamoja, wakatangulia mlangoni huku wakibishana.

Bibi akafumbua macho upesi mno kwa mtu aliyekuwa amelala. Alishika kiti cha mbele ili ainuke, nami nikaiona kucha ya kidole chake cha shahada: imepasuka katikati, ikaota hivyo hivyo.

Akanikuta nikiitazama. "Waache tu," akaninong'oneza. "Nilichomwa mimi, lakini waliolia ni wao."