Chuang Su-chin, Aliyeomba Jina Moja

Marehemu Chuang Su-chin alizaliwa tarehe 14 Machi 1951 nje kidogo ya mji wa Huwei, mkoani Yunlin, mtoto wa pili wa wakulima wa miwa. Alisoma hadi darasa la nne. Mwaka 1962 baba yake alimkabidhi kwa kikundi cha opera kilichocheza mbele ya mahekalu.

Huko alifunzwa kuigiza wanawake wenye mateso. Kwa miaka arobaini na tisa alilia jukwaani, na akina mama wa Yunlin wakalia naye. Akishuka alikuwa mcheshi: "Leo nimewakamua hata wauza soseji!"

Mwaka 1970 aliolewa na Ke Wan-fu, mpiga ngoma wa kikundi, aliyefariki mwaka 1994. Tarehe 2 Oktoba 1971 walipata binti. Mtoto alilazwa ndani ya sanduku la maleba, na mchezo ulipohitaji kichanga, alibebwa yeye. Akiwa na miezi tisa alishikwa na homa kali. Mwenye kikundi akakataa onyesho lisimame. Wiki hiyohiyo Su-chin alimtoa kwa familia ya Liao, washonaji wa Douliu. Jioni yake alicheza tena, mikononi kashika furushi la matambara. Tuliompigia makofi tusijifanye hatukuhusika.

Mwaka 2011 sauti ilimkauka. Akajifunza kamera, akaanza kutengeneza filamu ya maisha yake mwenyewe. Mwaka 2018 binti yake, Liao Pi-hsia, alikubali kurekodiwa, kwa sharti moja.

"Usilie, Bi Su-chin," alimwambia. "Nilikuwa na miaka kumi waliponileta kukutazama. Ulikuwa unayalilia matambara. Mimi nimesimama palepale."

Su-chin, aliyeweza kutoa chozi kwa pigo moja la ngoma, alijizuia.

"Niliogopa utafia sandukuni. Na niliogopa kuacha jukwaa. Yote mawili." Kisha akauliza, "Nikifa, utakubali uandikwe mwanangu kwenye wasifu wangu?"

"Kunywa chai yako, inapoa."

Filamu inaishia hapo.

Februari 2022 aligundulika kuwa na saratani ya ini. Alikataa waombolezaji wa kukodiwa: "Nawajua wote. Hawajui wapi pa kunyamaza." Kila asubuhi aliuliza kama kuna simu kutoka Douliu. Haikuja. Alifariki tarehe 9 Novemba 2023, saa kumi na mbili asubuhi, nyumbani kwa kaka yake.

Wazee wa ukoo walisema mtoto aliyetolewa haandikwi. Anayewasomea wasifu huu alikataa. Akaacha wazi mstari wa kwanza wa orodha ya walioachwa, akaipeleka karatasi yenyewe Douliu. Juzi ilirudi. Mstari umejazwa kwa mkono, na ndivyo ulivyochapwa.

Marehemu ameacha:

binti yake, Liao Pi-hsia;

kaka yake, Chuang Ting-kuo, na shemeji yake, Lu Mei-chu;

mtoto wa kaka yake, Chuang Yao-jen;

na wenzake wote wa jukwaani.

Shangazi, amejibu. Pumzika.