Marehemu Chirau Nzai na Filamu Iliyobakisha Dakika Moja

Marehemu Chirau Nzai alizaliwa tarehe 14 Machi 1989 huko Kinango, mtoto wa pili wa Mzee Nzai Chirau na marehemu Mama Kahaso. Alirithi jina la babu yake, na kwa desturi yetu baba yake hakumwita mwanangu, alimwita "baba". Majirani walimwamkia shikamoo kwa utani angali mdogo, naye akaitikia marahaba bila kucheka.

Alisoma hapo kijijini, akamaliza kidato cha nne mwaka 2007, kisha akawa mpiga picha hotelini Galu. Tarehe 9 Desemba 2017 alifunga ndoa na Mercy Nafula. Siku hiyo pasta aliuliza, "Jamani, bwana harusi yuko wapi?" Kumbe yuko nyuma ya kamera, anairekebisha. Mercy hajamsamehe mpaka leo.

Mwaka 2021 alianza filamu ya ajabu, isiyo na hadithi wala waigizaji. Watu thelathini wa Kinango waliketi mmoja mmoja mbele ya kamera wakaulizwa, "Chirau ni nani?" Karibu wote walimweleza babu: mwendo wake, ukali wake, mitego yake ya kanga. Chirau aliingiwa na hofu. "Dada Kache," alimwambia huyu anayewasomea, "nikifa mimi, hawa watakuwa wamemzika nani?"

Dakika ya mwisho ya filamu alimwekea baba yake. Alitaka jambo moja tu: amwite mwanangu. Figo zilipoanza kumsumbua mwaka 2023, akawa anasafishwa damu mara mbili kwa wiki, na kila alipotoka hospitali swali lake la kwanza lilikuwa, "Mzee amekubali?" Mzee aliketi mbele ya kamera mara mbili, na mara zote mbili aliinuka. "Nikimwita mwanangu," alisema, "baba yangu nitakuwa nimemzika mara ya pili." Ngojangoja huumiza matumbo, na yetu yaliuma kwelikweli. Tuliogopa kumhimiza mzee, tukaogopa zaidi kunyamaza.

Chirau alifariki Jumanne, tarehe 11 Februari 2025, saa tatu asubuhi. Dakika ile ilikuwa bado tupu.

Ameacha mjane, Mercy, binti, Kadzo, dada, Kache, na baba, Mzee Nzai. Jana mzee aliomba asomewe wasifu huu kabla haujachapwa. Tulikuwa tumeumalizia kwa maneno yaliyozoeleka. Akaomba kalamu, akayafuta, akaandika yake:

Mwanangu, pumzika kwa amani.